Walinzi wa futiboli ya Kimarekani: mamilioni ya wachache, kihoro cha Agosti kwa wengi

Bei ya mlinzi haijawahi kuwa juu kiasi hiki. Mwaka 2020 mlinzi wa pembeni aliyekuwa ghali kuliko wenzake wote katika ligi kuu ya futiboli ya Kimarekani, yaani yule ambaye kazi yake ni kumvaa kwotabeki kabla hajarusha mpira, alikuwa na wastani wa dola milioni 27 kwa mwaka. Kufikia 2023 kilele kilikuwa milioni 34. Agosti 2025 ukasainiwa mkataba wa miaka 4 wa dola milioni 188, sawa na milioni 47 kwa mwaka, kiwango ambacho hapo kabla ni makwotabeki tu waliokuwa wakikifikia. Ndizo namba zinazotajwa mezani katika nyumba za Waafrika Mashariki huko Houston, Columbus na Minneapolis, kwa wazazi wenye vijana wa miraba minne walioanza kuvaa kofia ngumu sekondari.

Watu wanaokula kwa biashara hii hawaanzi na milioni 47. Wanaanza na mwisho wa Agosti.

Kila timu kati ya 32 huingia kambini na wachezaji 90, na kabla ya msimu kufunguliwa lazima wabaki 53. Watu 37 mara 32 ni karibu 1,200 wanaotemwa, wengi wao ndani ya siku chache, na karibu nusu yao ni walinzi. Anayeleta habari ni mfanyakazi wa ofisini ambaye wachezaji kwa miaka mingi wamempachika jina la Mturuki. Anabisha hodi asubuhi, au anakuvizia karibu na chumba cha kunyanyulia vyuma, anakwambia kocha anakuhitaji na uje na tableti yako. Tableti hiyo ndiyo yenye mbinu zote za timu, kwa hiyo ukitakiwa kuirudisha huna haja ya kuuliza kulikoni. Vitu vinatoka kabatini, vinaingia mfukoni, na kabla ya jioni mtu yuko uwanja wa ndege.

Wachache huokolewa na kikosi cha mazoezi, ambacho kwa kawaida kina nafasi 16. Hapo malipo ya mwaka 2025 yalianzia dola 13,000 kwa wiki. Aliyebaki kwenye orodha ya 53, hata awe mgeni kabisa, kima chake cha chini mwaka huo kilikuwa dola 840,000, ambazo ukizigawa kwa wiki 18 za msimu unapata kama 46,700. Tofauti ya mtu wa 53 na wa 54 ilikuwa zaidi ya dola 33,000 kila wiki, na mara nyingi kinachoamua si kipaji. Huamuliwa na goti la mwenzake, au na timu kuhitaji mtu wa kukimbia kwenye mipira ya kupigwa mguu.

Wakala mmoja wa Texas, ambaye wateja wake wengi ni walinzi wa bei ya chini na hakutaka jina lake liandikwe kwa sababu kesho atarudi kwa timu hizo hizo kutafuta nafasi, analalamika kwamba soko limekatwa kiuno. Juu kuna mabwana wa mamilioni, chini kuna vijana wa kima cha chini, na mlinzi mwenye misimu 5 au 6 aliyezoea kulipwa milioni 3 au 4 hana tena mahali pa kukaa. Wakala anaulaumu mfumo wenyewe. Kima cha chini hupanda kadiri mchezaji anavyokaa: mwaka 2025 cha mgeni kilikuwa 840,000, cha mwenye misimu 3 kilikuwa 1,100,000, cha mwenye misimu 7 na kuendelea kilikuwa 1,255,000. Kwa mwenye timu, anasema, uzoefu umegeuzwa kosa la kibei. Kijana aliyechaguliwa raundi ya sita ya drafti, yaani mgawo wa kila mwaka wa wachezaji wapya, anafunga miaka 4 kwa bei iliyokwisha kupangwa tangu mfumo wa mwaka 2011, hana nguvu ya kudai, na akivunjika anakuja mwingine.

Ofisa mmoja anayefahamu mikataba ya ligi analipinga hilo kwa kutaja kipengele kinachomnusuru mkongwe: timu inaweza kumlipa mchezaji wa misimu 4 au zaidi kima chake kamili, lakini kwenye kikomo cha mishahara akahesabiwa kama mtu wa misimu 2, yaani dola 1,030,000 kwa mwaka 2025. Kwenye karatasi ni sawa. Hata hivyo 1,030,000 bado ni kubwa kuliko 840,000, na meneja anayehitaji walinzi wanane wa akiba anaiona tofauti hiyo mara nane. Kipengele hicho kimepunguza uchungu, hakijauondoa.

Manung'uniko makubwa ya wakala huyu hayahusu mshahara, na hapa ndipo anapoeleweka zaidi. Ili mchezaji apate haki ya pensheni ya ligi lazima awe na misimu 3 inayohesabika, na msimu huhesabika akiwa kwenye orodha yenye malipo kamili kwa angalau mechi 3. Wiki za kikosi cha mazoezi hazimo. Bima ya afya ya miaka 5 baada ya kustaafu nayo ni ya waliovuka kizingiti hicho. Kwa hiyo mlinzi mwenye misimu 2 na mechi 2 ana sura ya mchezaji wa ligi kuu, ana makovu ya mchezaji wa ligi kuu, lakini hana pensheni wala bima ya mbele. Wakala anadai amewahi kuona wateja wakiachwa wakiwa mlangoni kabisa. Timu husema ni uamuzi wa kiufundi, na hakuna karatasi itakayothibitisha vinginevyo. Pengine ni kweli; timu ina watu 53 wa kufikiria na haikai kuhesabu mechi za mlinzi wa akiba. Ila mlinzi huyo anazihesabu.

Kutokana na kizingiti hicho, ubishi kuhusu urefu wa kazi si wa kitakwimu tu. Chama cha wachezaji kwa muda mrefu kimekuwa kikitaja wastani wa miaka 3.3. Upande wa ligi, mwaka 2011, ulitoa hesabu yake: karibu miaka 6. Zote mbili zinaweza kuwa sahihi, kwa sababu ligi ilihesabu wale tu walioingia kwenye orodha ya ufunguzi katika msimu wao wa kwanza. Aliyetemwa na Mturuki hakuhesabiwa. Ni kama kupima umri wa kuishi kwa kuanzia wale waliokwisha kuvuka utoto. Hadi leo hesabu ya miaka 6 hutajwa kwenye vikao bila sharti lake, na anayeifaidi ni yule anayejadiliana na chama kuhusu bima.

Tatizo jingine la mlinzi ni kwamba kazi yake inapimwa kwa jambo moja. Kumwangusha kwotabeki nyuma ya mstari, seki kwa lugha ya uwanjani, kulianza kuandikwa rasmi katika takwimu za wachezaji mwaka 1982, na tangu hapo ndiyo sarafu ya safu ya ulinzi. Mlinzi wa pembeni mwenye seki 12 ana kitu cha kuweka mezani. Yule mnene wa katikati aliyebeba wapinzani wawili ili mwenzake apite hana, na wengi wao huondoka ligi bila mtu wa mtaani kuwakumbuka. Mikataba mingi ya tabaka la kati ina bonasi zinazolipwa seki zikifika idadi fulani, na seki hugawanywa nusu kwa nusu waangushaji wakiwa wawili. Takwimu hupitiwa upya katikati ya wiki, kwa hiyo mtu anaweza kulala na nusu seki na kuamka hana.

Nafasi uwanjani nayo hupanga bei. Kilele cha walinzi wa nyuma kabisa mwaka 2025 kilikuwa kama dola milioni 25 kwa mwaka, walinzi wa kona wakafika 30, na wa kati nyuma ya mstari wakabaki jirani na 21. Sababu ya tofauti hizo ni kwamba mchezo umekuwa wa kurusha, na kanuni zimeusukuma huko: mwaka 2018 kutanguliza kofia kugonga kukawa kosa, mwaka 2024 ukapigwa marufuku ule mkabo wa kumning'inia mtu kiunoni na kumwangukia miguuni. Faini ya kosa la kofia inapita dola 20,000 hata kwa mara ya kwanza. Kwa mwenye milioni 47 hiyo ni chenji. Kwa mgeni ni karibu nusu ya malipo ya wiki, kabla ya kodi ya serikali kuu inayofika asilimia 37 na ada ya wakala isiyozidi asilimia 3.

Ligi inasema kanuni zimezaa matunda, na inataja matukio 182 ya mtikisiko wa ubongo kwa mwaka 2024, idadi ya chini kabisa tangu ianze kufuatilia kwa namna hiyo mwaka 2015. Hayo ni yaliyogunduliwa. Mchezaji wa mkataba wa wiki ana sababu nzuri ya kutosema kichwa kinamzunguka. Watafiti wa Boston nao mwaka 2023 walitoa yao: kati ya bongo 376 za wachezaji wa zamani wa ligi hiyo walizochunguza, 345 zilikuwa na ugonjwa wa kuharibika kwa ubongo unaohusishwa na kugongwa mara kwa mara. Wao wenyewe walionya kwamba zinazoletwa na familia ni za watu waliokwisha kuonyesha dalili, hivyo si kipimo cha wote. Onyo hilo hupotea njiani kama lile sharti la miaka 6, safari hii kwa faida ya upande wa pili.

Kuhusu ufukara baada ya kustaafu, ile asilimia 78 iliyosambaa tangu 2009 kwamba ni waliofilisika au kubanwa kifedha ndani ya miaka 2 haijapata msingi imara. Utafiti wa wanauchumi wa mwaka 2015, uliowafuata walioingia kwa drafti kati ya 1996 na 2003, ulikuta karibu asilimia 16 wameomba kufilisiwa mahakamani ndani ya miaka 12. La kushangaza zaidi, kucheza muda mrefu na kulipwa vizuri hakukupunguza sana hatari hiyo.

Je, keki haikui? Inakua. Kikomo cha mishahara cha kila timu kilikuwa dola milioni 182.5 mwaka 2021, kikawa 279.2 mwaka 2025, ongezeko la asilimia 53. Kima cha mgeni katika muda huo kimepanda asilimia 27 tu, na wakala wetu hupenda kuikariri hesabu hiyo. Naye achukuliwe kwa tahadhari: 2021 ulikuwa mwaka wa majeraha ya korona, na ukianzia 2020 pengo linakuwa asilimia 41 kwa 38, karibu hakuna. Bei ya kilele ndiyo iliyokimbia, asilimia 74 tangu 2020. Fedha hizo zimetoka mahali, na maelezo yake kuhusu kiuno kilichokatwa yanakuwa na mantiki hata kama hana namba za kuyathibitisha.

Vyuo sasa vinaruhusiwa kugawia wanamichezo wao fedha, kikomo kikiwa dola milioni 20.5 kwa chuo katika mwaka wa 2025-26, na baadhi ya walinzi wanaona heri kubaki shule kuliko kusubiri raundi ya saba. Hilo huenda likawapa nguvu, au likawaleta ligi wakiwa wazee zaidi. Ligi ilifanya kambi Nairobi mwaka 2023, na kwa kijana wa huku Afrika Mashariki hiyo ni habari njema ndogo sana: hata huko Marekani, kati ya wanavyuo wanaostahili kuingia kwenye drafti ni kama asilimia 1.6 tu wanaopenya.

Mkataba wa pamoja wa sasa unafikia ukomo baada ya msimu wa 2030, na mazungumzo ya mechi ya 18 yamekuwa yakisikika kwa muda. Wakala anaamini mechi ikiongezwa lazima orodha nayo ipanuke. Nafasi 2 kwa kila timu zingekuwa ajira 64, na anataka wiki za kikosi cha mazoezi ziingizwe kwenye hesabu ya pensheni. Ofisa aliyetaja kipengele cha wakongwe alisema afya ya wachezaji itapewa kipaumbele. Kuhusu nafasi hizo 64 hakutaja hata moja.