Mtendee mbwa wema, umlinde mtoto

Mama, mlezi, mtoto akimrushia mbwa mawe tunacheka. Mbwa akimng'ata, tunamuua mbwa. Tunasahau kwamba mnyama anayeumizwa hujitetea kwa meno.

Kichaa cha mbwa huenezwa na mate ya mnyama mgonjwa. Dalili zikishaanza kwa binadamu, ni nadra sana mtu kupona. Lakini kinazuilika.

Mtoto aking'atwa, akikwaruzwa au akilambwa penye kidonda:

- Osha jeraha papo hapo kwa sabuni na maji yanayotiririka, dakika 15.
- Usipake majivu wala pilipili.
- Mpeleke kituo cha afya siku hiyohiyo akachanjwe, hata jeraha likiwa dogo. Amalize dozi zote.
- Usikimbilie kumuua mbwa. Akiweza kufungwa bila hatari, mtaalamu wa mifugo amwangalie kwa siku 10. Mtoto asisubiri siku hizo.

Watoto wengine huficha jeraha kwa kuogopa kuchapwa. Mwambie wako leo: "Uking'atwa niambie, sitakupiga."

Kuua mbwa wa mtaani hakumalizi ugonjwa. Waliochanjwa nao hufa, na nafasi yao huchukuliwa na wasiochanjwa. Kinachokinga mtaa ni kuchanja angalau mbwa 70 kati ya kila 100. Peleka wako kila mwaka, mpe maji, chakula na kivuli. Mfundishe mtoto asimsumbue mbwa anayekula, aliyelala au anayenyonyesha.

Mbwa aliyetunzwa ni ulinzi kwa mtoto wako pia.