Mama wa Kambo katika Sinema ya Marekani

Katika ngano za mataifa mengi, mama wa kambo huingia nyumbani kwa mlango uliofunguliwa na mauti. Lugha nayo inashuhudia: kiambishi step-, kinachotumiwa na Waingereza kuwataja jamaa wa kambo, katika Kiingereza cha Kale kilihusiana na kufiwa, na mtoto aliyetajwa kwacho alikuwa yatima. Sinema ya Marekani iliurithi msingi huo. Katika filamu za katuni za Walt Disney, Snow White and the Seven Dwarfs (1937) na Cinderella (1950), wazazi hawapo, na binti amebaki mikononi mwa mwanamke mwenye husuda. Mhusika huyo hahitaji kuelezwa. Jina la kambo latosha kumhukumu.

The Sound of Music (1965) iligeuza tabia ya mhusika, lakini haikugusa msingi. Maria ni mwema, na baada ya harusi watoto wa Kapteni von Trapp wanaanza kumwita mama. Hata hivyo mama mzazi ni marehemu. Jina hilo halina mdai mwingine.

Badiliko lenye uzito lilitokana na talaka. Mwaka 1969 jimbo la California lilipitisha sheria iliyoruhusu ndoa kuvunjwa pasipo kuthibitisha kosa la mume wala mke, na majimbo mengine yakafuata. Taratibu mzazi wa kambo wa sinema akajikuta akikabiliana na mzazi aliye hai.

Mgongano huo ndio kiini cha Stepmom (1998), iliyoongozwa na Chris Columbus. Isabel, mchumba wa Luke, anawalea Anna na Ben huku mama yao, Jackie, akimkosoa kila hatua. Hakuna mwovu kati yao. Wote wawili wanawapenda watoto walewale. Jackie anapougua saratani, ugomvi unageuka kuwa wasia: mmoja anayo kumbukumbu ya watoto, mwingine atakuwa na kesho yao. Mwishoni ni Jackie anayemwita Isabel aingie katika picha ya familia.

Boyhood (2014) ya Richard Linklater, iliyopigwa kwa muda wa miaka 12 kwa waigizaji walewale, inakwenda mbali zaidi. Olivia anaolewa na Bill, mwalimu wake wa chuo, mwenye watoto wawili. Bill ni mlevi na mkali, na Olivia anatoroka na wanawe. Binti yake anauliza: je, wale wawili? Hawezi kuwachukua, kisheria si wake. Watoto walioishi pamoja kama ndugu wanatenganishwa, na filamu haituambii yaliyowapata waliobaki.

Wahenga walisema kuzaa si kazi, kazi kulea. Ngano iliuliza kama mlezi ana moyo mwema. Filamu hizi za karibuni zinauliza swali gumu zaidi: aliyeifanya kazi hiyo ya kulea ana haki gani juu ya mtoto asiyemzaa?