Karani wa Ushuru Aliyechora Misitu Asiyopata Kuiona

Makarani wenzangu waliokaa miaka mingi katika ofisi za kodi na ushuru wanajua jinsi kazi ile inavyoweza kumchosha mtu akili: stakabadhi, vitabu vya hesabu, muhuri, na watu waliopanga mstari huku wamekasirika. Katika mji wa Paris, nchi ya Ufaransa, alikuwako karani wa namna hiyo, jina lake Henri Rousseau, ambaye kwa zaidi ya miaka 20 alitumikia katika vituo vya ushuru vya malango ya mji. Leo picha zake zimetundikwa katika majumba makubwa ya sanaa ya Paris, London na New York. Mara ya kwanza nilipoona mojawapo imepigwa chapa kitabuni, simba akimrukia swala katikati ya majani mapana, nilidhani kwamba mchoraji yule lazima alikaa Afrika. Sivyo. Rousseau hakutoka Ufaransa maisha yake yote.

Alizaliwa tarehe 21 Mei 1844 katika mji wa Laval, upande wa magharibi wa nchi ile. Baba yake alikuwa fundi wa bati aliyeingia katika madeni, hata nyumba yao ikachukuliwa Henri angali mtoto. Shuleni hakuwa hodari sana, ila katika kuchora na muziki alipata tuzo. Kisha akaajiriwa na mwanasheria katika mji wa Angers, na hapo akaiba fedha kidogo pamoja na stempu. Sioni sababu ya kulificha jambo hili, kwa kuwa yeye mwenyewe alilipa: alifungwa mwezi mmoja. Katika mwaka 1863 alikuwa amekwisha jiandikisha katika jeshi, akatumikia mpaka mwaka 1868, baba yake alipofariki. Siku zile Ufaransa ilikuwa na vita huko Mexico, na baadaye watu wakasimulia ya kuwa Rousseau alikwenda vitani na kuiona misitu ya joto kwa macho yake. Kikosi chake hakikumpeleka huko hata kidogo, lakini yeye hakujisumbua kuikana hadithi hiyo nzuri.

Akahamia Paris, akaoa mwaka 1869, na mwaka 1871 akapata kazi ya ushuru. Haikuwa forodha ya Serikali, bali ushuru wa mji wenyewe: kila gari lililoingia na divai, nyama au majani ya farasi lilisimama langoni, likakaguliwa na kulipa. Mkulima ye yote aliyepeleka mazao sokoni anaelewa habari hiyo bila kuelezwa. Mwandishi mmoja, Alfred Jarry, naye mzaliwa wa Laval, ndiye aliyempa jina la utani la "Mtu wa Forodha," na jina likamganda ingawa halikuwa kweli. Makarani wataona tofauti, nami nadhani Rousseau aliiona pia, lakini jina lilimpandisha cheo ambacho wakubwa wake hawakumpa.

Alikuwa na umri upatao miaka 40 alipoanza kuchora kwa bidii. Hakuwa na mwalimu. Katika mwaka 1884 alipata ruhusa ya kuingia katika jumba la Louvre na kunakili picha za mabingwa wa zamani. Mwaka huo huo palianzishwa chama cha wachoraji waliochoka kukataliwa na waamuzi wa maonyesho makubwa. Katika chama hicho hapakuwa na mwamuzi, na mwanachama aliyelipa ada yake alitundika picha zake, ziwe nzuri au mbaya. Rousseau alianza kuonyesha humo mwaka 1886. Pasipo mlango huo, sidhani kama mtu ye yote angalilijua jina lake.

Watu walikuja kumcheka. Walisimama mbele ya picha zake wakishika mbavu, kwa maana watu wake walikuwa wakavu kama vigogo, na miguu yao haikukanyaga ardhi vizuri. Magazeti nayo yakamdhihaki. Rousseau alifanya nini? Alikata habari zile zote, za sifa na za dhihaka, akazibandika katika daftari na kuzihifadhi. Huyo ni karani hasa! Katika mwaka 1891 alionyesha picha ya chui mkubwa wa milia, wa aina ya Bara Hindi, akijikunyata katika dhoruba ya mvua na umeme. Na hapo mchoraji kijana, Félix Vallotton, akaandika gazetini kuisifu kwa dhati. Picha hiyo sasa iko London.

Basi mwaka 1893, akiwa na miaka 49, Rousseau aliiacha kazi ya ushuru, akachukua pensheni ndogo ili apate kuchora siku zote saba. Nimeifikiri sana hatua hii. Mke wake, Clémence, alikuwa amekufa mwaka 1888, na watoto wao wengi walikufa wangali wadogo. Mtu wa namna hiyo, mwenye mshahara usiopungua kila mwezi, huushikilia kwa mikono miwili. Yeye aliuachilia, akawa akifundisha fidla na kuchora nyumbani kwake ili apate kununua rangi. Wenye busara walimwona mpumbavu, na kwa hesabu za fedha walikuwa na haki.

Tena tusidhani kwamba alitaka kuwa mwasi. Aliwaheshimu mno wachoraji waliopewa nishani na Serikali, na nia yake ilikuwa kuchora kama wao. Mwaka 1897 alimaliza picha ya mwanamke mweusi aliyelala jangwani chini ya mwezi, ala ya muziki na mtungi kando yake, na simba akimnusa bila kumdhuru. Mwaka uliofuata alimwandikia meya wa Laval barua ya adabu, akitaka mji aliozaliwa uinunue kwa faranga 1,800 mpaka 2,000 iwe ukumbusho. Laval haikununua.

Misitu yake aliipata wapi? Katika bustani ya mimea ya Paris, ambamo miti ya nchi za joto ilikuzwa ndani ya nyumba za vioo. Alikuwa akiingia humo na kuona kama yuko ndotoni. Wanyama aliwatazama katika jumba la wanyama waliokaushwa lililo jirani. Simba wake aliyeonyeshwa mwaka 1905, akimrarua swala, alimtoa hapo. Wengine aliwatoa katika kitabu cha picha kilichouzwa na duka moja kubwa. Kwa hiyo msomaji mkulima akiitazama picha ya chui akipigana na nyati, ya mwaka 1908, asistaajabu kuona kwamba ndizi zimeota juu chini. Lakini atazame pia rangi ya kijani, jinsi ilivyopangwa namna nyingi, jani juu ya jani, hata giza la msitu linatisha kweli. Nimeishi karibu na msitu tangu utoto wangu wala sijaona mtu aliyelionyesha giza hilo vizuri zaidi.

Alipochora sura ya mtu alimpima kwanza kama fundi cherehani. Mshairi Guillaume Apollinaire alisimulia jinsi alivyopimwa pua, kinywa na masikio kabla brashi haijagusa kitambaa.

Uaminifu wake ulimtia matatani. Mwaka 1907 mtu mmoja aliyemfahamu, karani wa benki, alimtumia katika hila ya kuchukua fedha kwa hati za uongo. Rousseau akawekwa rumande, na kesi ikasikilizwa Januari 1909. Wakili wake alileta mahakamani picha aliyoichora, kuonyesha kwamba mtu wa moyo wa kitoto hivi hawezi kupanga udanganyifu. Hata hivyo alihukumiwa miaka 2 na faini ya faranga 100, ila kifungo kikaahirishwa, asiingie gerezani.

Alipokuwa bado akingojea kesi hiyo, Novemba 1908, kijana Pablo Picasso alimfanyia karamu. Picasso alikuwa ameikuta picha ya Rousseau ya mwanamke katika duka la takataka, ikiuzwa faranga 5 tu, kwa kuwa mwenye duka aliona kitambaa chake kitamfaa mtu mwingine kuchora juu yake. Katika karamu ile mzee aliketishwa juu ya kiti kilichoinuliwa kama cha enzi, akapiga fidla, nta ya taa ikimdondokea kichwani naye asijali. Walimheshimu au walimchezea? Nadhani yote mawili yalikuwamo. Lakini picha ile ya faranga 5 Picasso hakuiuza mpaka alipokufa mwaka 1973.

Rousseau alifariki tarehe 2 Septemba 1910 katika hospitali ya Necker, kwa kidonda cha mguu kilichooza. Watu saba tu walimsindikiza, akazikwa katika kaburi la maskini. Mwaka uliofuata rafiki zake wachache, pamoja na mwenye nyumba aliyompangisha, walichanga fedha za kumpatia kaburi la heshima. Apollinaire akaandika maneno ya juu ya jiwe, na mchongaji Constantin Brancusi akayachonga mwaka 1913.

Katika Mei 2023, picha yake ya ndege heroe kando ya maji iliuzwa mnadani New York kwa dola milioni 43.5.

Mwaka 1947 mifupa yake ilihamishiwa Laval. Mji huo tangu mwaka 1967 una jumba la sanaa la wachoraji waliojifundisha wenyewe. Yule mwanamke aliyelala jangwani na simba wake hawamo. Wako New York tangu mwaka 1939.