Mwangwi wa Usemi katika Filamu ya The Big Lebowski

Filamu ya The Big Lebowski ya ndugu Joel na Ethan Coen ilipotolewa mwaka 1998 haikupokewa kwa kishindo nchini Marekani. Hata hivyo, kufikia mwaka 2002 mashabiki wake walikuwa wameanza kukutana katika tamasha maalumu mjini Louisville, Kentucky, na mwaka 2014 Maktaba ya Bunge iliiteua kuwa miongoni mwa filamu za kuhifadhiwa kitaifa. Aghalabu mvuto huo huhusishwa na bangi na uzembe wa mhusika mkuu. Maelezo hayo hayatoshi, kwani vichekesho vingi vya wavuta bangi vimekwisha kusahauliwa.

Msuko nao hautoshi. Jeffrey Lebowski, ajiitaye the Dude (Jeff Bridges), anadhaniwa kuwa tajiri wa jina hilohilo. Wahuni wanamvamia nyumbani kwake Los Angeles na mmoja anakojolea zulia lake. Katika kudai fidia, ananaswa katika mkasa wa utekaji nyara uliosukwa kwa mtindo wa riwaya za upelelezi za Raymond Chandler. Fumbo linapofumbuliwa, halina uzito; anayeujua mwisho hapotezi kitu akiitazama tena.

Kinachobaki ni usemi. Mwanzoni, the Dude akiwa dukani anaandika hundi ya kulipia maziwa, televisheni inamwonyesha Rais George H. W. Bush akitamka kwamba uchokozi dhidi ya Kuwait hautaachwa uendelee. Baadaye, mbele ya tajiri, the Dude anayatumia maneno yayo hayo kuhusu zulia. Kabla ya hapo, rafiki yake Walter (John Goodman), askari wa zamani wa vita vya Vietnam, amekwisha kulizungumzia zulia hilo kama mpaka uliochorwa mchangani. Ufutuhi unatokana na rejista ya vita kushushwa hadi kwenye zulia, lakini makali yake yako kwingine: the Dude haonekani kujua maneno hayo ameyaokota wapi. Mtazamaji wa mara ya kwanza huenda naye asijue. Wa mara ya tatu anajua, na ndiye anayecheka zaidi. Mashabiki wanaokaririana mazungumzo ya filamu hii wanafanya alichofanya the Dude dukani.

Kwa mfasiri wa Kiswahili, takriri hiyo ni mtihani. Akitafuta visawe ili kukwepa urudiaji, mazoea yanayosifiwa katika nathari, atakuwa ameua mwangwi wenyewe. Jina nalo lina mtego wake. Likiachwa lilivyo, jicho la msomaji wa Kiswahili litaliona neno dude, yaani kitu kikubwa kisichojulikana hasa ni nini; likibadilishwa kuwa jamaa au mshikaji, litapoteza hadhi ya cheo ambayo mhusika huyu, asiye na kazi wala mali, anaishikilia kila anapoitwa Bwana Lebowski.