Gharika ya Nuhu na Vibao vya Babeli

Wasikilizaji wangu, hakuna mtoto aliyekaa chuoni au shuleni asiyeijua habari ya Nuhu. Aliyefundishwa Biblia aijua, na aliyefundishwa Kurani aijua vile vile. Hata maneno yenyewe, gharika na safina, sote twayatumia pamoja, nayo yalitujia kutoka lugha ya Kiarabu. Leo nataka kuwaeleza jinsi habari inayofanana na hiyo ilivyofukuliwa katika udongo, na swali gumu lililozaliwa nayo.

Katika nchi iliyo kati ya mito ya Frati na Hidekeli, ambayo leo huitwa Iraki, watu wa kale waliandika juu ya vibao vya udongo mbichi. Walitumia tete lililochongwa, nalo likaacha alama zenye mfano wa kabari. Kibao kikisha kukauka, hudumu kuliko karatasi. Assurbanipal, mfalme wa Ashuru aliyeanza kutawala katika karne ya 7 kabla ya Kristo, alikusanya maelfu ya vibao hivyo katika mji wa Ninawi. Mwaka 612 kabla ya Kristo mji ule uliangamizwa, na vibao vikafukiwa, hata vilipofukuliwa katikati ya karne ya 19 na Layard, Mwingereza, na Hormuzd Rassam, mwenyeji wa Mosul. Vikapelekwa London, vingi vikiwa vipande vipande.

Hapo ndipo atokeapo George Smith. Huyu hakuwa mtu wa chuo kikuu. Kazi aliyojifunza ilikuwa kuchora nakshi za noti za fedha. Lakini kila alipopata nafasi alikwenda katika jumba la makumbusho, akajifundisha mwandiko ule, mpaka akaajiriwa papo hapo. Mwaka 1872, alipokuwa akisoma kipande kimoja, aliona habari za merikebu iliyotua juu ya mlima, na za njiwa aliyetumwa akarudi kwa kukosa mahali pa kutua. Tarehe 3 Desemba mwaka huo aliisoma tafsiri yake mbele ya mkutano wa wataalamu, na watu wakastaajabu mno.

Kipande kile ni cha kibao cha 11 cha utenzi wa Gilgamesh, mfalme wa Uruk. Gilgamesh amefiwa na rafiki yake Enkidu, naye aogopa kufa. Basi asafiri mbali kumtafuta Utnapishtim, mtu aliyejaliwa uzima wa milele, ili amwulize siri yake. Utnapishtim amsimulia jinsi miungu ilivyokusudia kuleta gharika, na jinsi mungu Ea alivyomwonya kwa kusema na ukuta wa nyumba yake ya matete. Akaunda merikebu, akaipaka lami, akaingiza jamaa zake na wanyama. Tufani ikavuma siku 6 na usiku 7. Merikebu ikatua mlimani. Akatuma njiwa, kisha mbayuwayu, kisha kunguru, ambaye hakurudi. Ndipo akatoa sadaka.

Atakayefungua kitabu cha Mwanzo, mlango wa 6 hata wa 9, ataona mfanano huu si wa bahati tu. Tena habari ya Babeli ni ya kale sana. Utenzi mwingine, wa mtu aitwaye Atrahasis, umeonekana katika vibao vya karne ya 17 kabla ya Kristo.

Miaka kadhaa iliyopita mwanafunzi wangu mmoja alisimama akauliza, "Mwalimu, basi Biblia imenakili?" Nami, kwa hofu, nikamwambia akae kitako. Siku ile nilikosa. Mtu mwenye swali la kweli akinyamazishwa, hujifunza kwamba imani na elimu haziwezi kukaa nyumba moja. Nilipaswa kumjibu hivi.

Naam, wataalamu wengi husema kwamba habari ya Kiebrania imetoka katika mapokeo yale ya kale. Lakini aliyepokea hakupokea kama mwenye kunakili barua. Alipokea kisa akakiuliza swali lingine. Kwa Atrahasis, gharika yaja kwa sababu wanadamu wamezidi wingi, na makelele yao yamnyima usingizi mungu Enlil. Katika Mwanzo yaja kwa sababu dunia imejaa jeuri. Huko miungu yenyewe yaogopa tufani, na kwa njaa yaikusanyikia sadaka. Hapa ni Mungu mmoja atawalaye maji. Huko, baada ya gharika, miungu yaweka utasa na vifo vya watoto wachanga ili watu wasizidi tena. Hapa watu waambiwa wazae waijaze nchi, na upinde wawekwa mawinguni kuwa ishara ya agano.

Je, gharika yenyewe ilikuwako? Mwaka 1929 Woolley, akichimba katika mji wa Uru, alikuta tabaka ya udongo mtupu, unene wake futi 8 na zaidi, akadhani ameipata gharika ya Nuhu. Lakini katika miji mingine ya jirani tabaka hiyo haikuonekana, au ilikuwa ya zama nyingine. Nchi ile ni tambarare, na theluji ya milimani ikiyeyuka mito hufurika. Yaelekea mafuriko mengi ya namna hiyo ndiyo yaliyotia hofu mioyoni mwa watu, wakasimuliana.

Basi, waalimu wenzangu, mtoto akiuliza, msimwambie akae kitako. Someni naye habari zote mbili, moja kando ya nyingine. Ataona zinavyofanana, kisha ataona zinavyotofautiana. Na katika tofauti hizo ndimo atakamojifunza kila taifa lilifikiri nini juu ya Mungu na juu ya mwanadamu.