Istilahi za Tiba ya Wanyama: Nyonga Iliyoteguka ya Mbwa na Paka

Barabara kuu iendayo Moshi na Arusha hupita Mkata na Segera, wilayani Handeni, kisha Korogwe. Mbwa au paka agongwapo na gari, nyonga yake yaweza kutoka mahali pake. Madaktari wa mifugo wanaofunzwa katika Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo, Morogoro, kilichoanzishwa mwaka 1984, husomea tiba hiyo kwa Kiingereza. Wenye wanyama huelezwa kwa Kiswahili. Hapo ndipo mfasiri anapohitajika, na hapo ndipo neno lisilo sahihi huweza kuleta madhara.

Tuanze na kiungo chenyewe. Kichwa cha fupa la paja, chenye umbo la tufe, hukaa katika shimo la fupanyonga, ambalo twaweza kuliita kikombe cha nyonga. Ndani yake limo kano fupi linalokishikilia kichwa hicho. Nyonga isichanganywe na kiuno, ambacho kwa mnyama wa miguu minne kiko mbele yake, si juu yake.

Sasa tutofautishe vitenzi vitatu. Mfupa ukikatika au kupasuka, umevunjika. Makano yakivutwa kupita kiasi bila mifupa kuachana, kiungo kimeshtuka. Kichwa kikitoka katika kikombe chake, nyonga imeteguka. Tatizo ni kwamba katika mazungumzo ya kila siku kuteguka humaanisha pia kushtuka. Mwenye mbwa aambiwapo tu kuwa mbwa wake "ameteguka", aweza kumkanda kwa maji ya moto na kungoja. Lakini nyonga iliyotoka haingoji: kadiri siku zipitavyo, misuli hukaza na kikombe huanza kujaa kovu. Akiuvuta mguu ambao kumbe umevunjika, atazidisha jeraha. Kwa hiyo picha ya eksirei hutangulia tiba.

Tiba nazo zipewe majina yaliyo wazi. Kurudisha kiungo ni kukivuta na kukizungusha bila kupasua, mnyama akiwa katika nusukaputi. Ikishindikana, hufuata upasuaji. Daktari aweza kukirudisha kichwa na kushona mfuko wa kiungo, pengine akiweka uzi imara badala ya kano lililokatika. Au hukata kichwa na shingo ya fupa la paja, ili misuli na kovu vishike nafasi yake. Njia hii huwafaa hasa paka na mbwa wadogo. Matokeo yake yasiitwe kiungo bandia, kwani hakuna kitu kilichopandikizwa. Kiungo cha kovu ni jina la kweli zaidi.

Mwisho, mfasiri ajihadhari na neno mshipa, ambalo hubeba maana ya mshipa wa damu, mshipa wa fahamu, na hata kano. Nyonga inapoteguka, kano la kichwa cha fupa hukatika, na daktari huweza kulifidia. Nyuma ya kiungo hicho hicho hupita mshipa mkubwa wa fahamu. Huo ukikatika, mguu hupooza. Taarifa isemayo tu kuwa "mshipa umekatika" haimwelezi msomaji lipi kati ya hayo limetokea. Basi tuandike kano palipo na kano, na tusiache neno kuteguka peke yake: tuseme nyonga imeteguka, yaani imetoka katika kikombe chake.