Jinsia katika istilahi za muziki
Katika kitabu chake Feminine Endings (1991), Susan McClary, mtaalamu wa muziki wa Marekani, alidhihirisha kwamba istilahi hubeba jinsia: nadharia ya Ulaya iliuita mwisho wa kifungu uliotua kwenye pigo zito wa kiume, na uliotua kwenye pigo hafifu wa kike. Je, Kiswahili kimesalimika? Ngeli zetu hazitenganishi mwanamume na mwanamke. Mwimbaji ni yeyote. Hata hivyo, Siti binti Saad wa Unguja aliporekodi santuri za taarabu huko Bombay mwaka 1928, yeye aliimba, na udi na fidla zilipigwa na wanaume. Hivyo basi, sarufi isiyobagua haitoshi. Mtafiti wa nyimbo zetu hapa Goma hana budi kuuliza: ni nani aimbaye, na ni nani ashikaye ala?